Simu ya Saa Saba

Haya nimeyapata kwa mjukuu wangu, yule anayepaka rangi nyuso za waigizaji. Alinisimulia mwaka jana, alipokuja kukaa kwangu baada ya tamthilia yao kufungwa. Nilimuuliza, "Mbona umerudi mapema hivi?" Akasema, "Bibi, keti kwanza." Nikaketi. Na ninyi ketini.

"Wifi, mpe kaka simu! Hali ya mama imebadilika."

"Imebadilika vipi?"

"Anahema kwa shida. Anamtaka mwanawe. Mwambie aje hospitali sasa hivi."

Ilikuwa saa tatu asubuhi, ndani ya ukumbi wa harusi. Si harusi ya kweli, ni ya tamthilia. Aliyepokea simu ndiye mtayarishaji wa tamthilia hiyo, mwanamke, wote wakimwita Bosi. Cheo hicho hakukiokota njiani. Alianza kwa kumshikia mwigizaji mwavuli wa jua, akapanda pole pole miaka kumi na mmoja, mpaka jina lake likawa la kwanza kuonekana kwenye televisheni. Bwana harusi wa siku hiyo alikuwa mume wake wa ndoa. Bibi harusi alikuwa mwigizaji tu, hapo msitafute mchawi.

Kwao, kazi ikianza, simu za watu wote huwekwa kwenye beseni, na beseni analilinda Bosi. Ndivyo simu ya mumewe ilivyofika mkononi mwake.

Akatazama ukumbi. Watu mia wameshavaa, wameshakaa. Ukumbi wamepewa siku hiyo moja tu. Hospitali ni mwendo wa saa nzima. Mume akiambiwa, ataondoka na suti ya harusi mwilini, na tamthilia itabaki bila mwisho.

"Sawa, wifi. Namwambia."

Hakumwambia. Alijisemea, tumalize kiapo tu. Kiapo kikaisha, akajisemea, tumalize keki.

Na msidhani alimchukia mkwewe, hapana. Filamu yake ya kwanza ilipigwa sebuleni kwa mama huyo. Wiki mbili nzima yule mama alijibanza jikoni kwake mwenyewe bila kugusa sufuria, asije akaharibu sauti. Alimpenda kama binti wa kumzaa.

Saa saba, wakikirudia kiapo kwa kamera ya pembeni, simu ikatetemeka tena. Bosi akajibanza nyuma ya maua ya meza kuu, akanong'ona, akakata. Saa nane ukaingia ujumbe: "Wifi, mama ameenda. Kaka yuko wapi?"

Akausoma. Akaufuta. Akarudi kwenye kiti chake, wakapiga picha kwa saa mbili nyingine.

Saa kumi, kazi ilipokwisha, akamshika mumewe mkono.

"Mume wangu, simu imeingia sasa hivi. Mama ametutoka."

Mjukuu wangu ndiye aliyemfuta yule bwana rangi usoni. Anasema hakuhitaji maji.

Wakazika. Dada mtu hakumsemesha kaka yake makaburini, wala baadaye. Kaka akimsalimia, yeye anageuza uso. Kaka akadhani ni uchungu wa msiba.

Ukapita mwezi. Siku ile ya harusi jenereta ilikuwa ikiunguruma, kwa hiyo ikabidi mume aende studio kurudia maneno yake upya. Fundi sauti akampa vya kuvaa masikioni.

"Kaka, nakuwekea sauti ya siku ile. Wewe fuata midomo yako tu."

Akajisikia anaapa: "Sitakuacha kwa shida wala kwa raha." Na chini ya sauti yake, mnong'ono wa mwanamke.

"Ongeza."

"Hizo kelele tu, kaka, nitazisafisha."

"Nimesema ongeza!"

Nguo za harusi zilikuwa zinachakacha, basi Bosi mwenyewe aliamuru kinasa sauti kifichwe ndani ya maua ya meza kuu. Aliamuru, akasahau. Mnong'ono ukatoka safi: "Wifi, ameshaambiwa, yuko njiani, ni foleni tu..." Ukanyamaza kidogo. "Mama? Mama, ni mimi... Ndiyo, mama. Ndiyo."

"Hii ilikuwa saa ngapi?"

Fundi akatazama karatasi yake. "Saa saba na dakika kumi."

Nyumbani alimkuta mkewe mezani na makaratasi yake.

"Mama alikufa saa ngapi?"

"Si nilikwambia..."

"Usiniigizie! Mwigizaji humu ndani ni mimi."

Bosi akaweka kalamu chini. "Saa nane."

"Na wewe uliambiwa lini?"

"Saa tatu asubuhi."

"Kumbe ndiyo maana dada hanitazami! Anadhani niliambiwa nikakataa kwenda. Umenifanya niwe mtoto wa namna gani, we mwanamke?"

"Nilitaka tumalize tu kiapo. Nisamehe."

"Mama alikwambia nini kwenye simu?"

Bosi akaanza kukusanya makaratasi yake.

"Nakuuliza! Nimesikia wewe unasema ndiyo, mama. Yeye alisema nini?"

"Usiniulize hilo, nakuomba. Ukijua hutapata usingizi tena."

"Kwani sasa ninao?"

Akachukua mashati mawili, akaenda kwa dada yake. Bosi alipiga simu siku nne haikupokelewa. Ya tano akaenda chumba cha kuhariri.

"Toa harusi yote."

Mhariri akacheka, akidhani utani. "Bosi, watu wameisubiri harusi hii miaka miwili. Tukiitoa, kituo kitatufukuza."

"Toa. Na ile ya asili uifute."

Ikarushwa bila harusi. Bwana harusi anafunga kifungo cha suti mbele ya kioo, basi, majina yanapita. Watazamaji wakamtukana Bosi wakachoka. Kituo kikavunja mkataba siku ya tatu, na miaka kumi na mmoja ikaisha kwa barua ya ukurasa mmoja. Akamtumia mumewe ujumbe: "Nimeifuta ile siku. Sina kazi tena. Rudi nyumbani."

Jibu likaja: "Sikukuomba ukate picha. Nilikuuliza neno moja."

Asubuhi yake akaenda. Wifi ndiye aliyefungua, akasimama katikati ya mlango.

"Mheshimiwa Foleni! Leo barabara zimefunguka?"

"Wifi, nitukane, ni haki yako. Lakini nipishe nimwambie."

"Mwambie mbele yangu. Mimi nilimshikia mama ile simu, alikuwa ananong'ona, sikusikia kitu."

Mume alikuwa kwenye kochi, amevaa viatu, macho mekundu. Hakumkaribisha. Bosi akakaa sakafuni.

"Nilimwambia wifi uko njiani. Mama akasikia, akaomba simu. Akasema, 'Mwambie asikimbie barabarani, aje taratibu. Nitamsubiri.' Mimi nikamjibu, ndiyo, mama."

Wifi akaziba mdomo kwa khanga. "Ndiyo maana alikuwa anatazama mlango," akasema. "Saa nzima anatazama mlango."

"Alikuwa analia?" mume akauliza.

"Hapana. Sauti yake ilikuwa na furaha. Alidhani unakuja."

Yule bwana alilia mpaka sauti ikakauka. Wifi akashindwa kusikiliza. Akamshika kaka yake kichwa, akasema, "Nami nisamehe, kaka," akaenda chumbani kwake, akalia huko mpaka akanyamaza, akalala.

Wakabaki wawili.

"Sema tena," mume akasema. "Kama alivyosema yeye."

"Asikimbie barabarani. Nitamsubiri."

"Alivuta pumzi wapi?"

"Baada ya barabarani."

"Sema tena."

Akasema. Mume hakumwambia nimekusamehe, hakumwambia ondoka. Kila alipofumbua macho alisema, "Tena," na mkewe akasema tena, kwa upole ule ule wa mama, bila kuongeza neno wala kupunguza. Jua lilikuwa bado dirishani pumzi za mume zilipotulia, usingizi umemchukua na viatu vyake miguuni. Bosi akaendelea kulitamka neno la mama kwa mnong'ono, asije akashtuka akakuta kimya. Mwishowe ulimi ukawa mzito, kichwa kikaegemea mguu wa kochi, na neno likamkatikia mdomoni, naye akalala.