Nyumba Moja kwa Bei ya Mbili

Majirani zangu wa Setúbal hapa Ureno, nanyi mnaonisikia kutoka mbali, sogeeni niwasimulie yaliyomkuta Evaristo, mpaka rangi wa magari, aliyekuwa akikaa ghorofa ya juu ya duka langu la mikate. Simsengenyi. Mwenyewe kaniruhusu, tena akaniambia, "Bi Otília, usinifichie hata moja. Huenda likamfaa mtu."

Basi ilikuwa Jumapili ya mwezi wa tisa, mwaka elfu mbili ishirini na moja. Tumekaa uani nyuma ya duka, jiko la mkaa limekolea, sardini zinanukia mtaa mzima. Lucília, mke wa Evaristo, ambaye kazi yake ni udobi hospitalini, alikuwa anakata nyanya. Mama yake, Bi Hermínia, aliyefanya kazi miaka thelathini na minane katika kiwanda cha kusindika samaki, alikuwa anageuza sardini kwa vidole vitupu kama kawaida yake. Evaristo na mkewe walikuwa wapangaji wa vyumba viwili, kodi euro mia tano na hamsini, na sakafu yao ndiyo dari yangu. Sikupata kuwasikia wakigombana hata siku moja.

Mara Evaristo akaingia mbio, jasho linamtiririka, karatasi mkononi.

"Mke wangu, kaa chini kwanza."

"Nimeshakaa, Evaristo."

"Basi simama."

Ilikuwa picha ya nyumba. Vyumba vitatu, kule mlimani, yenye baraza pana linalotazama maji mpaka ng'ambo. Bei euro laki mbili. Elfu ishirini walikuwa nazo, akiba ya miaka tisa. Laki moja na themanini angekopa benki.

"Sasa sikilizeni," akasema, hata pumzi hajavuta. "Hapa tunalipa mia tano hamsini, na msumari ukutani siruhusiwi kupiga. Benki wananiambia kule nitalipa mia nne na thelathini kwa mwezi. Yangu mwenyewe, kwa pesa ndogo kuliko kodi. Nionyesheni mjinga atakayekataa."

Tulisimama wote. Mimi nilimkumbatia, nikaenda kufungua chupa ya mvinyo niliyokuwa nimeiwekea Krismasi. Lucília alikuwa analia na kucheka, kisu cha nyanya bado anacho mkononi. Aliyebaki kwenye jiko ni Bi Hermínia peke yake.

"Mia nne na thelathini kwa miaka mingapi?" akauliza.

"Arobaini, mama."

"Na wewe una mingapi?"

"Thelathini na minne."

"Sawa. Mpaka siku ya mwisho utakuwa umelipa jumla ngapi?"

Evaristo akacheka. "Mama mkwe, mimi sili chakula cha mwaka kwa mlo mmoja. Nitalipa mwezi kwa mwezi."

"Kiwandani kwetu," Bi Hermínia akasema, "hakuna aliyenunua samaki kwa kuuliza bei ya mkia."

Tulicheka sana. Na mimi nilicheka, Mungu anisamehe, kwa sababu furaha ile ilikuwa imetushika kama ngoma.

Siku ya benki, Lucília alinisimulia neno kwa neno. Yule karani wa mikopo hakuwadanganya, nisimsingizie mtoto wa watu. Aliweka karatasi mbili mezani. Ya kwanza, riba isiyobadilika kwa miaka thelathini, rejesho la euro mia sita sitini na tano kila mwezi. Ya pili, riba inayopangwa upya kila mwaka kufuata soko, miaka arobaini, mia nne na thelathini.

"Hii ya pili ikipanda?" Lucília akauliza.

"Inaweza kupanda," karani akasema. "Ukurasa wa sita unaeleza yote, na jumla ya gharama iko hapo hapo."

"Miaka mingapi sasa haijapanda?" Evaristo akadakia.

"Ni mingi kidogo."

"Basi. Kwa nini nitupe mia mbili na zaidi kila mwezi kwa kuogopa kivuli?"

Ukurasa wa sita akaupindua kama mtu apinduavyo matangazo ya vifo gazetini. Akasaini. Nakuuliza wewe unayesikiliza, tena nakuuliza kwa upole: wa kwako uliusoma?

Walihamia Oktoba. Sherehe ile hamjaiona. Ngisi wa kukaanga sinia kwa sinia, watu mpaka ngazini, na Evaristo anamshika kila mgeni mkono ampeleke barazani kuonyeshwa maji. Teodoro kinyozi alisema, "Sasa huyu hatatusalimia tena, atatupungia tu kutoka juu." Na kwa kuwa rejesho lilikuwa chini ya kodi kwa mia moja na ishirini, Evaristo alichukua gari kwa mkopo, la kulipa mia moja na ishirini hizo hizo kila mwezi. Akanunua kochi la ngozi, televisheni ya ukuta mzima, na jiko la kuchomea nyama ambalo hata mgahawa ungelionea wivu.

Mwaka haujatimia, riba zikaanza kupanda Ulaya nzima. Barua ya kwanza ikaja: kuanzia mwezi ujao, euro mia saba na moja. Evaristo akaiweka kwenye droo, akasema ni upepo, utapita. Lucília akatafuta kazi ya pili, kusafisha ngazi za maofisi alfajiri kabla ya kwenda hospitalini. Nilikuwa namwona akipita dukani nikitoa mikate ya kwanza, macho mekundu, hata salamu anaitoa kwa shida.

Mwaka wa pili, mwezi ule ule wa Oktoba, alianguka kwenye ngazi zile zenye maji ya sabuni, akavunjika kifundo cha mkono. Mkono ukiwa bado kwenye plasta, barua ya pili ikafika. Mia nane sabini na sita.

"Kwani mimi ndiye niliyepandisha riba?" Evaristo alipaza sauti siku hiyo.

"Hukuipandisha," Lucília akamjibu. "Ulikataa kuisoma."

Akafunga nguo zake kwenye begi kwa mkono mmoja, akaenda kwa mama yake.

Sasa hapa ndipo Bi Hermínia alipoingia kazini. Wengine wangekaa na binti yao wamlaani mkwe. Yeye hakumtaja. Asubuhi ya pili yake alivaa koti lake la kanisani, akamchukua Lucília mpaka manispaa, kwenye ofisi ya ushauri wa madeni, ambako hulipi senti. Wakampata dada mmoja mpole, akasoma mkataba wote, ukurasa wa sita akausoma mara mbili.

"Katika hizi mia nane sabini na sita za mwezi huu," akawaambia, "mia saba hamsini na nne ni riba. Zinazopunguza deni lenyewe ni mia moja ishirini na mbili."

"Rudia," Bi Hermínia akasema.

Akarudia. Kisha akapiga hesabu ya jumla. Riba ikibaki pale ilipo, mpaka mwaka wa arobaini Evaristo atakuwa amelipa zaidi ya euro laki nne na elfu kumi, kwa deni la laki moja na themanini.

"Mwanangu, niandikie hiyo kwa maandishi makubwa," Bi Hermínia akasema. "Nina mkwe asiyeona herufi ndogo."

Wakaenda na karatasi ile mpaka gereji, saa ya chakula cha mchana. Evaristo alitoka na bwelasuti yake, rangi ya buluu mpaka kwenye kope. Mtu huyu hupima rangi kwa gramu, akizidisha moja anaanza upya. Aliisoma ile namba amesimama. Akaisoma tena. Akakaa juu ya kopo la rangi.

"Nimenunua nyumba mbili," akasema taratibu, "nikapewa moja."

Lucília aliniambia kwamba hasira aliyokuwa nayo ilimtoka pale pale. "Sikuwa nimewahi kumwona akiogopa, Bi Otília. Nikamfuta rangi usoni kwa mkono wangu mzima."

Yule dada wa manispaa aliwatafutia njia. Benki nyingine ilikubali kulihamisha deni: riba isiyobadilika, miaka thelathini, mia saba na tisini kwa mwezi. Kila mwezi nafuu kidogo, lakini mpaka mwisho wangeokoa zaidi ya laki moja. Sharti moja tu: kwenye benki ya zamani wasichelewe hata rejesho moja, maana jina likiingia kwenye orodha ya wasiolipa, mlango unafungwa. Rejesho la mwisho lilitakiwa Ijumaa, kabla ya saa sita mchana. Jumatano wakafungua akaunti: mlikuwa na mia tatu na kumi. Zilipungua mia tano sitini na sita. Likizo ya ugonjwa ya Lucília ilikuwa imewamaliza.

Evaristo akazunguka sebuleni, akagusa kochi, akagusa televisheni. Kisha akasema, "Tutoe vitu nje."

Jamani, Alhamisi ile sitaisahau. Nilifunga duka saa tisa alasiri nikapanda mlima, nikakuta nusu ya mtaa iko kwenye njia ya miguu mbele ya nyumba, wale wale waliokula ngisi kwenye sherehe. Kochi liko nje. Televisheni iko nje. Na Bi Hermínia kapanda juu ya kreti, ananadi kwa sauti iliyozoea kushinda mashine za kiwandani.

"Jiko la kuchomea nyama, limechoma mara nne tu, maana nyama yenyewe ilikwisha kwenda benki. Nani ana themanini?"

"Sitini," mtu akasema.

"Sitini kamnunulie mkeo maua. Themanini."

"Tisini," sauti nyingine nyuma.

"Wewe mama yako alikulea vizuri. Tisini, chukua."

Evaristo alikuwa anabeba vitu mwenyewe, anaviweka mikononi mwa wanunuzi, uso umemwiva. Watu walimtania, lakini si kwa ubaya. Na kila alipotaniwa alijibu, na kila alipojibu naona mgongo wake unanyooka kidogo. Televisheni mia moja na arobaini. Kochi nililinunua mimi, mia moja na themanini, na hadi leo sijui nililitakia nini. Mashine ya kahawa sitini. Lucília alikuwa anaandika kwa mkono wa kushoto, anajumlisha kwa midomo.

"Bado tisini na sita," akasema.

Na vitu vimekwisha. Watu wakatazamana. Jua lilikuwa linashuka, wengine wakaanza kuaga.

"Ile meza ya barazani?" Teodoro kinyozi akauliza.

"Ni mbovu ile," Evaristo akasema. "Mguu mmoja mfupi."

"Nimekuuliza bei, sijakuuliza afya yake. Natoa mia."

Akazihesabu noti mkononi mwa Lucília, akageuka kuondoka.

"Teodoro, meza yako," Evaristo akamwita.

"Iache hapo hapo. Nitakuwa napanda kila Jumamosi kuinywea kahawa. Hiyo ndiyo riba yangu, na haibadiliki."

Tulicheka mpaka Evaristo akageuka ukutani kuficha macho yake. Ijumaa saa nne asubuhi pesa zilikuwa benki.

Wiki ya tatu wakasaini mkataba mpya. Evaristo aliusoma wote, ukurasa kwa ukurasa, kwa sauti, saa nzima na robo. Karani akaangalia saa, akakata tamaa, akaagiza kahawa. Bi Hermínia alikuwa kiti cha katikati, mkoba magotini.

"Na jumla?" Evaristo akauliza, kabla mama mkwe hajafungua mdomo.

"Laki mbili themanini na nne elfu na mia nne."

"Bado ni pesa nyingi," akasema. "Lakini sasa naijua."

Gari wakaliuza, likalipa mkopo wake lenyewe. Zile mia moja na ishirini za kila mwezi, ishirini wakabakiza za dharura, mia wakaanza kuziongeza kwenye deni la nyumba. Yule dada wa manispaa akawapigia hesabu: mia hiyo peke yake itakata zaidi ya miaka mitano. Evaristo alishuka mlima kwa miguu mpaka dukani kwangu kuniambia, anahema kama siku ile ya picha. "Miaka mitano, Bi Otília. Kwa mia ya gari." Hakuacha kuirudia mpaka wateja wakaanza kumuuliza imefanyikaje, naye akaanza kuwaeleza mmoja mmoja, mikate inapoa.

Lucília karudi nyumbani. Mkono umepona, ingawa hali ya hewa ikibadilika unamuuma. Kazi ya alfajiri ameiacha.

Mafunzo

Ndugu zangu, rejesho dogo la mwezi si bei ndogo ya nyumba. Kabla ya kusaini, zidisha rejesho kwa miezi yote, uitazame jumla usoni. Ikiwa riba inabadilika, muulize karani rejesho litakuwa ngapi ikipanda sana, kisha ujiulize kama mshahara wako utalibeba siku ambayo mmoja wenu ataumwa. Jua kwamba miaka ya mwanzo sehemu kubwa ya pesa huenda kwenye riba. Kwa hiyo kila senti ya ziada unayoweza kuongeza mapema hufanya kazi ya miaka. Mkishaanza kulemewa, msifiche barua kwenye droo. Tafuteni ushauri jina likiwa bado safi. Na yule mzee wa nyumbani anayeuliza maswali ya kukuudhi, nenda naye. Furaha usiifukuze, ni haki yako. Iambie tu ikungoje nje ya mlango wa benki mpaka umalize kusoma.