Kufuli la Jumamosi

Maiti ilikuwa imekaa kitini, imelielekea dirisha.

Dirisha lenyewe lilikuwa wazi. Theluji iliingia ikajilundika zuliani, ikafika hadi miguuni pa marehemu kama paka aliyejikunja. Kilichowaleta watu hapo hakikuwa harufu, bali maji. Bomba la kupashia chumba joto liliganda kwa baridi likapasuka, maji yakachuruzika hadi kwa jirani wa chini. Fundi wa majengo alipofungua mlango, alitoka mbio bila kugeuka nyuma.

Inspekta Akeyo alisimama kizingitini kwa muda. Ndivyo alivyozoea kufanya kazi: macho kwanza, miguu baadaye.

"Béata Nizigama, miaka sitini na minne," alisoma Anton, mpelelezi mwenzake. "Mjane, kutoka Burundi. Ameishi katika mtaa huu wa Vårby gård miaka kumi na tisa. Hakuna jeraha. Mlango haukuvunjwa."

"Tazama koti."

Lilikuwa koti zito, limevaliwa juu ya gauni la kulalia. Vifungo vilipishana: cha kwanza katika tundu la pili, na vivyo hivyo hadi chini.

"Alivaa kwa haraka," alisema Anton.

"Au alivalishwa kwa haraka."

Chini ya tundu la barua mlangoni palikuwa na bahasha tatu. Moja ilikuwa na mhuri wa ofisi ya ustawi wa jamii. Anton aliziweka katika mfuko wa vielelezo.

Daktari wa polisi aliinuka akipangusa magoti. "Msiniulize alikufa lini. Chumba hiki ni friji. Huenda ni wiki moja, huenda ni wiki nane."

"Wiki nane?" Sauti ilitoka ukumbini. Alikuwa jirani wa chini, Mama Nyambura, Mkenya mnene aliyevaa viatu vya mvua ndani ya nyumba. "Wiki nane gani? Jumamosi iliyopita alikuwa na zamu ya kufua! Kufuli lake nimeliona kwa haya macho."

"Kufuli gani, mama?"

"Kumbe unajua Kiswahili! Afadhali. Huyu mwenzako amekuwa akiniongelesha Kiswidi polepole kama mtoto wa chekechea. Twende nikuonyeshe."

Waliteremka hadi chumba cha kufulia. Ukutani palikuwa na ubao wenye siku na saa, na kila nyumba ilikuwa na kikufuli chake chenye namba. Ukitaka kufua, unalifunga kufuli lako kwenye saa unayoitaka, na saa hiyo ni yako. Katika majengo yale watu waliweza kusameheana kelele, hata wizi wa baiskeli. Kumwibia mtu zamu ya kufua, hapana.

Kufuli namba 34, la Bi Béata, lilikuwa Jumamosi, saa mbili asubuhi.

"Unaliona?" alisema Nyambura. "Kila Jumamosi tangu Januari. Na maji nasikia yakitembea kwenye mabomba. Maiti haifui."

Anton aliandika. "Basi alikuwa hai hadi wiki iliyopita."

Akeyo aliusogelea ubao. Aliligusa kufuli kwa ncha ya kidole chenye glavu, kama mtu anayepima joto la paji la uso.

"Mama Nyambura, Bi Béata alikuwa anasali wapi?"

"Huyo ni Msabato kabisa! Jumamosi hata simu hapokei. Siku moja nilimkaribisha chai, akaniambia chai yangu ingoje jua lizame. Nikamwambia, hapa wakati wa kiangazi jua linazama karibu saa nne za usiku, chai itakuwa imeota…"

Aliutazama ubao tena. Akaweka mkono mdomoni.

"Ngai, Mungu wangu," alisema.

Mama yake Akeyo alikuwa Msabato wa Kendu Bay. Ijumaa jioni kila nguo ilikuwa imefuliwa, imepigwa pasi, imekunjwa. Jumamosi hakuna aliyegusa beseni, hata mgeni aliyekuja kulala, kwa maana amri inamfunga na mgeni aliye chini ya dari yako. Akeyo alikuwa hajaingia kanisani miaka kumi na miwili, lakini hadi leo mikono yake ilisita mbele ya sabuni siku ya Jumamosi.

"Huyu hakuwa hai," alimwambia Anton. "Aliyelifunga kufuli hapa alijua kwamba hakuna wa kumkataza."

*

Mzee wa kanisa alisema walipata ujumbe kutoka simu ya Bi Béata tarehe kumi na tano Januari: amekwenda Ubelgiji kwa dada yake. Dada yake, kwa simu, alisema hajamwona. Kanisani marehemu alikuwa safarini, kwenye ubao alikuwa nyumbani. Mtu mmoja alikuwa amesimulia hadithi mbili.

"Nani mwingine ana ufunguo?" Akeyo alimwuliza Nyambura.

"Yule binti aliyepanga chumba kidogo humo kwake. Inès. Mpole huyo, anakusalimu kwa mikono miwili. Lakini siku hizi simwoni akilala hapa."

Chumba cha Inès kilikuwa kisafi. Kitanda kilitandikwa, foronya haikuwa na mkunjo hata mmoja. Kwenye kamba ya kuanikia lilining'inia gauni moja tu, la buluu, lenye ukosi mweupe. Kipimo kilikuwa cha mwanamke mnene. Inès, kwa picha iliyokuwa ukutani, alikuwa mwembamba kama fito. Rangi ya gauni ilikuwa imepauka kwenye mishono kwa kufuliwa mno. Magauni mengine ya Bi Béata, kabatini, yalikuwa na rangi zake zote.

Katika picha hiyo Inès alimpakata msichana mdogo asiye na meno ya mbele.

*

Afisa wa ofisi ya ustawi wa jamii aliitwa Zara. Alikuwa na faili tayari mezani.

"Inès anaishi kwa posho," alisema. "Bi Béata alikuwa anahamia Ubelgiji, naye angempangishia nyumba yote. Mwenye majengo alikubali kwa sharti la amana, miezi mitatu ya kodi. Mtu wa posho ataitoa wapi? Sisi huwalipia watu kama hao amana. Lakini mpangishaji, yaani Bi Béata, lazima atie saini mbele ya afisa, nyumbani kwake, siku iliyopangwa."

"Siku ikipotea?"

"Ombi linarudi mwisho wa foleni. Inès alikuwa amengoja miezi kumi na sita."

"Na mtoto?"

"Mélissa. Anaishi na familia moja huko Spånga mpaka mama apate makazi ya kudumu. Mkataba huu ndio ungemrudisha."

"Ulikwenda lini?"

"Tarehe kumi na nne Januari, saa nne asubuhi."

"Bi Béata ulimwona?"

"Nilimwona. Alikaa kitini karibu na dirisha, amevaa koti. Inès alisema ana homa kali, akaniomba nisiingie chumbani. Akampelekea karatasi, akairudisha ikiwa na saini."

"Ulizungumza naye?"

"Nilimsalimu kutoka mlangoni. Hakujibu, ila aliinua mkono."

"Nawe?"

Zara alitabasamu kidogo, kisha tabasamu likapotea kabla hajajua sababu.

"Nami nikainua wangu," alisema.

*

Taarifa ya uchunguzi wa maiti ilikuja Ijumaa. Kiharusi. Upande wa kushoto ulikuwa umepooza. Ubongo ulivimba, ishara kwamba alikaa hai kwa saa kadhaa.

"Angefikishwa hospitali mapema, angepona?" aliuliza Akeyo.

"Nafasi ilikuwepo," alisema daktari. "Zaidi ya hapo sithubutu."

Walimtafuta Inès kwenye darasa la Kiswidi, kwenye simu, kwa rafiki yake wa Rinkeby aliyekuwa akimpa godoro. Hakuwepo. Anton alisema amekimbia.

"Labda," alisema Akeyo.

Jumamosi, saa mbili kasoro dakika tano, Akeyo alikuwa ameketi kwenye benchi la chumba cha kufulia. Mashine zilikuwa kimya. Mlango ukafunguka taratibu. Mwanamke mwembamba aliingia na kikapu kitupu, akamwona, asishtuke.

"Nimekuja kutoa kufuli, dada," alisema. "Watu wengine wanataka kufua."

*

Kituoni, wakili alikaa pembeni yake. Mkalimani wa Kirundi alikuwa tayari kwenye simu, lakini Inès alisema Kiswahili kitatosha.

"Ilianza saa ngapi?" aliuliza Akeyo.

"Saa kumi na mbili na nusu. Nilisikia kishindo. Nikamkuta Maman Béata chini, mdomo umekwenda upande. Alikuwa ananitazama."

"Ukafanya nini?"

"Nilichukua simu. Nikabonyeza namba ya dharura: moja, moja, mbili."

"Ukapiga?"

"Hapana."

"Kwa nini?"

"Wangekuja, wangemchukua. Saa nne afisa angekuta nyumba tupu." Alikuwa akisugua vidole kana kwamba vina sabuni. "Nikajiambia ni kungoja kwa saa tatu na nusu tu. Watu wanangoja hospitali saa sita, wanatoka wazima. Nilimkokota nikamkalisha. Alikuwa amejikojolea, nikamvalisha koti. Kwa haraka, vifungo sikuvipatia."

"Nani alitia saini?"

"Mimi. Nilimpa mgongo afisa."

"Bi Béata alimwinulia mkono."

Inès alifumba macho. "Nilimwona. Ule mkono mmoja ulikuwa bado unamtii. Alikuwa anamwita, dada. Akaitikiwa kama anayeaga."

Wakili aliacha kuandika.

"Afisa alipotoka nilikimbia kwake. Nikamwambia, 'Maman, tumemaliza, naita gari.' Mkono ulikuwa umeshuka. Alikuwa ameshakata roho."

"Hapo pia ungeweza kuita."

"Na mkataba? Mkataba wa nani, na marehemu? Nikasema ningoje barua ya amana kwanza, ikija tu, nitasema. Nikazima joto, nikafungua dirisha, nikatuma ule ujumbe kanisani. Kulala pale sikuweza. Nikilala nasikia kiti kinalia."

"Gauni la buluu?"

"Ndilo alilotaka kuvaa siku ile, kwa ajili ya mgeni. Alikuwa amelitoa tangu jana yake. Nililifua ili nimvalishe. Nikashindwa kuingia. Wiki iliyofuata nikalifua tena."

"Jumamosi. Ulijua yeye hafui Jumamosi."

"Nilijua sana. Aliniambia siku ya kwanza: humu hafui mtu Sabato, hata wewe." Machozi yalimtoka bila sauti. "Lakini Jumamosi ndiyo siku ambayo hakuwahi kuwa nyumbani. Siku nyingine zote, ukimya wa ile nyumba ulikuwa wa maiti. Jumamosi niliweza kujiambia yuko kanisani. Atarudi jua likizama, anikaripie."

Akeyo aliandika tarehe na saa chini ya ukurasa. Alimsogezea maelezo ayasome. Mashtaka yangekuwa kazi ya mwendesha mashtaka. Yeye hakupewa mzani, alipewa kalamu tu.

Inès alitia saini, safari hii kwa jina lake. Kisha akauliza, kwa sauti ya mtu anayeulizia saa:

"Barua ilikuja?"

Bahasha ilikuwa imefunguliwa jana mbele ya shahidi. Ilikuwa na mhuri wa Jumatatu, siku mbili kabla ya bomba kupasuka. Akeyo alifikiri kusema uongo, akaona hata uongo haukuwa na pa kwenda.

"Ilikuja. Amana ilikubaliwa."

Inès aliitikia kwa kichwa, mara moja, kama mtu aliyeambiwa zamu yake imefika.

Nje theluji ilikuwa imeanza kuyeyuka kwenye maegesho. Anton alikuwa garini, injini inanguruma. Alipomwona Akeyo akitoka aliinua mkono kumpungia.

Akeyo alikwisha kuinua wake nusu. Akaushusha. Akavuka maegesho upesi, viatu vikizama kwenye tope la barafu, akainama dirishani na kumtazama Anton usoni, upande wa kushoto, kisha wa kulia.

"Unataka nini?" aliuliza Akeyo. "Niambie. Unataka nini?"