Barua ya Kodi na Kitabu cha Bure

Fundi saa mmoja, watu wakimwita Mzee Sekunde, alistaafu miaka miwili iliyopita. Alifunga kibanda, akabandika karatasi mlangoni: "Nimestaafu." Akajua yamekwisha. Kumbe wapi!

Siku moja ililetwa barua ya ofisi ya kodi. Hajapeleka ritani, yaani taarifa ya mapato ya mwaka, kwa miaka miwili. Mwezi ukiisha, atatozwa faini. Mzee wa watu aliogopa. Akaificha barua chini ya godoro, mkewe asije akahangaika.

Akatafuta kitabu cha kumfundisha kujaza ritani. Kwenye kundi la simu, mtu asiyemjua akamtumia kiungo: kitabu bure, ila aweke namba yake ya kodi na neno la siri. Cha bure nani hakitaki? Mzee akaanza kuandika.

Mara, kabla hajamaliza, mkewe akaingia, barua mkononi. Mzee alisahau kwamba anayetandika kitanda si yeye. Mama hakugomba. Alimshika mkono, wakaenda maktaba kwa jirani yao, mkutubi.

Mkutubi alitazama simu, akaguna.

"Baba, neno la siri ni kama ufunguo wa nyumba. Humpi mtu, hata akikupa kitabu."

Tena, akasema, kitabu chenyewe kimenakiliwa bila ruhusa ya mwandishi, na huo ni wizi. Cha halali hununuliwa, au huazimwa maktaba kwa kadi na kusomwa kwenye simu, herufi ukazikuza upendavyo. Mwongozo wa ritani uko bure kwenye tovuti ya ofisi ya kodi.

"Lakini sikupata kitu, mwanangu. Ritani ya nini?"

"Watajuaje usipowaambia? Karatasi ya mlangoni waliisoma wateja tu. Kama hukupata kitu, andika sifuri. Kisha omba biashara ifungwe kwenye kumbukumbu zao."

Alimwuliza kama ana mapato mengine. Hana, wanawe ndio wanaomtunza. Basi wakajaza ritani zote mbili palepale, mzee akiandika mwenyewe, pole pole. Mama naye akaazima kitabu cha hadithi, herufi kubwa, raha tupu.

Wiki ya pili jibu likaja: ritani zimepokelewa, biashara imefungwa, faini hakuna. Mzee alimsomea mkewe kwa sauti, mpaka mwisho.

"Miaka arobaini nakupenda," mama akasema. "Ukiogopa, niambie, tuogope wote."

Machozi yakamlengalenga mzee.

"Nimekusikia, mke wangu," akajibu. "Sikufichi tena."