Finjani za Matano Redioni

Kitendawili, wajukuu zangu. Mwasema tega? Haya: mgeni wangu huingia nyumba zote kwa wakati mmoja, na mlangoni hapiti. Upepo? Hamjafika. Ni sauti ya redio, na ndiyo iliyotaka kuvunja mapenzi ya Mwidani na Mwanatatu, mwaka ule wa sitini na moja.

Walikutana asubuhi ferini Likoni, watu wamebanana na baiskeli na matenga ya kuku. Mwidani, suruali ya kaki imepigwa pasi hata mkunjo wakata, alikuwa akinong'ona peke yake: "Nilimuua, bwana hakimu, lakini sikukusudia."

Harufu ya asumini ikamfikia kabla ya sauti. Mwanatatu alikuwa akivuta buibui lake kando.

"Kaka, umemuua nani?"

"Bado sijaamua, dada. Huenda akawa mjomba."

Alipoeleza kuwa husikiza kesi mahakamani, hubadili majina, akazitungia michezo ya redio, Mwanatatu alicheka hata akashika ukingo wa feri.

Tangu hapo wakawa wakivuka pamoja. Mwidani humwita "hakimu wangu", naye Mwanatatu humwita "muuaji". Siku moja wakishuka Mwidani akauliza, "Nilete wazee kwenu?"

"Niache kwanza nisikie mchezo wako wa Ijumaa. Mume asiyejua kutunga, nyumbani atanisimulia nini?"

Ijumaa Likoni nzima iliinamia redio. Mchezo ulikuwa wa muuza kahawa aliyeiba robota la nguo ghalani. Jina geni, mji mgeni. Lakini Mwidani alitaka mlio wa kweli, akagonganisha finjani studioni kwa mapigo ya mshtakiwa mwenyewe wa kesi aliyoitungia, ambaye Mwidani alikuwa amemfuata mitaani kumsikiza. Na kwetu kila muuza kahawa ana mapigo yake. Wamjua yuko kona gani hujamuona. Yale yalikuwa ya Matano, nduguye Mwanatatu. Mahakama ilimwachilia, mchezo ukamfunga.

Kesho yake simu ikalia redioni.

"Mwidani."

"Naam, hakimu wangu."

"Usiniite hivyo. Matano amerudi na dele limejaa kahawa. Leo hakuna aliyeinywa kahawa ya mwizi."

"Matano ni nani kwako?"

"Kakangu, tumbo moja."

"Hukuniambia."

"Ningekuambia vipi, nawe riziki yako ni kesi za watu? Mbona umemfunga?"

"Wasikizaji hupenda mwizi akamatwe."

"Basi nenda ukaoe wasikizaji." Simu ikakatika.

Jioni ile Mwidani alimkuta Matano akipuliza makaa ya jiko lake la kahawa.

"Nimekukosea, ndugu yangu. Nipe hiyo seredani niibebe."

Matano alilitazama shati jeupe la Mwidani. "Itakuchoma, mwandishi."

"Nichomeke."

Wakazunguka mitaa yote, Matano akipiga finjani zake, Mwidani akisimama kila baraza.

"Assalamu alaikum. Mchezo ule niliutunga mimi. Kesi niliisikia hadi mwisho: shahidi alikiri kwamba alimfananisha, Matano akaachwa huru. Uongo ni wangu."

Hakuna aliyenunua. Wakaenda baraza ya pili, ya tatu. Kwenye ile ya nne mzee Babu Kazungu akanyoosha mkono. "Umetulisha uongo, kijana, na umetukwama kooni. Matano, mwanangu, tutilie kahawa tuuteremshe."

Watu wakacheka, wakasogea. Mpaka leo namshukuru Mungu kwa mkono ule ulionyooshwa. Dele likarudi jepesi.

Walipofika nyumbani, Matano akatangulia ndani. "Mwanatatu, mtu wako yuko nje. Shati limeungua, na mkono pia. Mimi nimemsamehe; wewe na lako."

Mwanatatu alitoka na kata ya maji, akamshika mkono, akaumwagia polepole.

"Ahsante kwa ajili ya kakangu."

"Mwenye kushukuru ni mimi. Angeweza kunifukuza."

"Waumwa?"

"Mkono hauumi. Pale ferini uliniacha bila jibu, hapo ndipo paumapo."

Mwanatatu akaendelea kumwaga maji hata kata ikawa tupu.

"Wazee waje Alhamisi, baada ya alasiri," akasema. "Na atakayewapokea mlangoni ni Matano."