Goti la Farao Menkhetre

Zamani hizo, Misri ilipokuwa ikitoza Kushi, nchi ya kusini yake, dhahabu na pembe za ndovu, Farao aliyetimiza miaka thelathini kitini alitakiwa kukimbia. Ndiyo, kukimbia! Miguu mitupu, mkia wa fahali kiunoni, azunguke nguzo za uwanja wa hekalu mbele ya makuhani na wajumbe wa nchi zote. Akishindwa kumaliza, basi miungu imemkataa, na kiti ni cha mwanawe.

Farao Menkhetre, aliyebomoa ngome na kuburuta wafalme kwa kamba, hakuwa na raha. Goti lake la kulia lilikuwa bovu tangu alipopigwa mshale katika vita vya Kushi. Tangu asubuhi alizunguka barazani, akafukuza waganga, akakemea hata paka. Na mwanawe, Pentawe, alikwisha kusema wazi kwamba siku atakayovaa taji atawachinja mateka wote wa Kushi.

Miongoni mwa mateka hao alikuwamo Terikase, mpiga upinde aliyeutupa mshale ule. Farao akamwita, akamwagiza amfunge goti kwa ukanda wa ngozi, kama wanavyofungwa wanamieleka wa kwao. Terikase akalishika goti alilolivunja mwenyewe. Angelegeza fundo, nani angejua?

"Nikimaliza," Farao akasema, "utakwenda kwenu na watu wako."

"Na usipomaliza?"

"Hapo tumekwisha, mimi na wewe."

Terikase akakaza fundo.

Ngoma zikalia. Farao akakimbia, tena vizuri, jasho likimchuruzisha wanja mashavuni. Mzunguko wa mwisho goti likakataa. Akaanguka chini, pu! Pentawe akapiga hatua mbele. Hapo Terikase akapaza sauti kutoka safu ya mateka:

"Nilikupiga mshale, hukuanguka. Leo unaangushwa na mchanga?"

Loo, Farao alivyokasirika! Hasira ile ndiyo iliyomwinua. Akachechemea, akauburura mguu, akaikumbatia nguzo ya mwisho kwa mikono miwili.

Ahadi aliitimiza. Mateka wakashika njia ya kusini, naye akapanda juu ya paa kuwatazama mpaka vumbi likatua. Alimwonea wivu Terikase, mtu mwenye kwao pa kurudi. Yeye alishuka, akaanza tena kuzunguka baraza.

Baadaye wachongaji walimchonga ukutani akiwa mbioni, kijana, magoti mazima, bila ukanda, bila Terikase. Yumo hadi leo, mguu mmoja hewani. Anakimbia tu, na nguzo ya mwisho hajaifikia.