Nyumba ya Mwanaheri

Pweza alibaki mmoja tu kwenye soko la samaki la Lindi, na mikono miwili ikamshika kwa pamoja.

"Kaka, achia. Huyu wangu."

"Wako ana jina?"

Msichana akacheka. Alikuwa amejitanda shiromani nyekundu ya kwao Ngazija. Kijana alivaa shati jeupe lililonyooshwa pasi, mambo ya kwao Bujumbura, tena sokoni! Mwanaheri na Ibrahimu waliondoka wakitaniana, wakashika njia moja, wakafika mlango mmoja. Kumbe wote ni wanafunzi wageni, wapangaji wapya wa Bi Zuwena. Pweza akapikwa sufuria moja, na mapenzi yakaanzia hapo hapo jikoni.

Walipendana miaka miwili. Siku Mwanaheri alipomaliza masomo alimwonyesha picha kwenye simu: nyumba ya mawe, madirisha ya buluu.

"Baba alianza kuijenga nilipozaliwa. Kwetu kila binti ana yake. Utaingia humo siku ya harusi, roho yangu."

"Niingie kwako na begi mkononi? Kwetu mke ndiye anayehamia kwa mume. Unataka niolewe?"

"Ibra, nimekupa nyumba, sijakutukana!"

Mwanaheri alirudi kwao akilia. Akipiga simu, Ibrahimu anaiacha iite. Siku moja ukaja ujumbe: "Nimeletewa posa na mtu mwingine. Niambie neno moja tu, nimkatae." Akausoma mara kumi, asijibu. Mjinga huyu! Alidhani mwanamke anayependa atabembeleza mpaka Kiyama.

Miezi minne ikapita. Bi Zuwena, akipika mihogo jikoni, akamuuliza mbona habari za mwenzake hazisikiki tena. Ibrahimu akamweleza yote. Mama yule alicheka hadi akajifuta machozi.

"Mwanangu, marehemu mume wangu alitoka Milola akaja kuishi kwetu, nyumba hii hii. Alipungukiwa nini?"

Ibrahimu akatoka mbio uani, akapiga simu.

"Mwanaheri, nakuja! Hata na begi kichwani, mpenzi, nakuja!"

Upande wa pili zilisikika ngoma na vigelegele.

"Umechelewa, Ibra. Bwana harusi ameingia jana."

"Unampenda?"

"Aliitwa, akaja," alisema Mwanaheri. "Wewe nilikuita mpaka nikachoka."

Simu ikakatika. Alipopiga tena haikupatikana. Ibrahimu akarudi jikoni, akaketi sakafuni, akalia kwa kwikwi mbele ya mama wa watu, na mihogo ikaungua hakuna aliyeiepua.