Wa Kwanza Kuitwa

"Nani ameitika?"

Meneja aliuliza hivyo alfajiri moja, uani kwenye mtambo wa maji, kidole kikiwa mwisho wa orodha ya majina. Wafanyakazi walikuwa wamejipanga mbele ya koki kubwa, ile inayoufungulia mji mzima maji, na kuitwa majina kulikuwa kumeanza vizuri tu.

"Kipara!"

"Nipo, bosi. Nywele ndizo zilizoacha kazi."

Wakacheka. Akaitwa fundi wa pampu, akaitwa mlinzi, wa mwisho akaitwa binti wa maabara, anayepima maji kabla watu hawajayanywa. Kisha, baada ya wote, mahali pasipo na mtu pakaitika: "Nipo."

 Binti aliijua sauti ile kabla hajajua kusema. Ilikuwa ya baba yake, na baba yake walikwisha kumzika.

Pale mtamboni watu huitwa kwa ukuu kazini, na wa kwanza kuitwa ndiye anayefungua koki. Ndivyo ilivyo toka mtambo ulipojengwa. Mzee Koki, baba yake binti, alitangulia wote kuajiriwa, lakini siku moja alijikuta anaitwa mkiani, nyuma ya vijana aliowafundisha mwenyewe kushika spana. Hakugombana na mtu. Alikwenda kwenye baraza la rufaa za watumishi, akashinda. Baraza likaamuru arudishiwe ukuu wake, aitwe wa kwanza. Wacha wee! Nyumbani walipiga vigelegele mpaka majirani wakauliza nani kaoa.

Na serikali, mwajiri yule yule anayetuhubiria sote kutii sheria, ikafanya nini? Ikasema suala linashughulikiwa. Meneja akamtuma mzee makao makuu, makao makuu yakamrudisha kwa meneja. Njoo Jumatatu. Njoo mkubwa akirudi semina. Ngoja ngoja huumiza matumbo; mzee ilimuumiza moyo. Alifia kwenye benchi la makao makuu, kofia mapajani, na karani akadhani amesinzia.

Toka siku ile ya sauti, koki ikawa inalia yenyewe, kriii, kriii, kama mtu mwenye mikono dhaifu anajaribu kuizungusha na haimtii, na nyayo mbichi zikawa zinatokea sakafuni bila miguu, zikipita mbele ya waliojipanga, zikituama kidogo mbele ya kila mmoja kana kwamba zinamtazama usoni, kisha zikienda kusimama mkiani, nyuma ya binti, ambaye alihisi kisogoni pumzi ya baridi yenye harufu ya klorini na sabuni ya kufulia, harufu ya bega alilolalia utotoni, na asithubutu kugeuka.

"Dada," Kipara alimnong'oneza, "mwambie mzee anihurumie. Mimi sikuomba kuitwa wa kwanza."

"Hilo ni jini limevaa sauti ya marehemu," meneja akasema, akaleta mganga, mama wa makamo mwenye mkoba mzito na simu mbili. Mganga akafukiza ubani, akasikiliza, akatikisa kichwa.

"Hapa hakuna jini. Huyu ni mtu anangoja. Mwiteni wa kwanza, ataondoka mwenyewe. Mkikataa, nitamtia chupani nimzike kwenye tope la mtambo. Hapo hatoki tena. Hata kule wanakopumzika wafu wenzake hatafika."

Binti akapiga magoti. "Bosi, mwite. Mara moja tu."

Meneja akaikunja orodha, akaibana kwapani. "Nikimwita, nimetekeleza amri bila kibali cha juu. Kesho wote watakimbilia barazani. Wewe ni msomi, elewa. Linashughulikiwa."

"Makubwa!" mganga akaguna. "Anaogopa kibali kuliko mzimu."

Binti akainuka, akasimama mahali pa meneja, akaita kwa sauti iliyokatika katikati: "Mzee Koki!"

 Baba akamjibu pale pale sikioni, kwa upole ule ule wa kumwamsha aende shule: "Si kazi yako kuniita, mwanangu. Utaratibu ni utaratibu."

Mganga akatoa chupa mkobani, akang'oa kizibo. Moshi wa ubani ukaanza kujipinda kuelekea mdomo wa chupa, na nyayo zikaburutwa nao, visigino vikichora michirizi ya maji sakafuni, na sauti ikawa inasema nipo, nipo, nipo bosi, kila mara ndogo kuliko mara iliyotangulia, huku meneja akitazama viatu vyake na Kipara akilia waziwazi kama mtoto, mpaka binti akageuka, akanyoosha mikono kwenye ile baridi.

"Baba, nakuomba. Usiwangoje hawa tena. Twende nyumbani."

Michirizi ikakatika, na nyayo mbichi zikaanza kutembea kando yake kuelekea langoni.